Mvua ya Bashanet, Korongo la Dareda

Watu wengi Babati hupita tu. Basi la Arusha likisimama stendi, abiria wanashuka kunyoosha miguu, wananunua karanga na mahindi ya kuchoma, wanapanda tena. Wa Kondoa na Dodoma wanaelekea kusini, wa Katesh na Singida wanakata magharibi. Mji umekaa njia panda, kwenye ile barabara ndefu ya enzi za Waingereza iliyokusudiwa kuunganisha Cape na Cairo, na tangu mwaka 2002 ndiyo makao makuu ya Mkoa wa Manyara. Lami ya kwenda Dodoma ilipozinduliwa mwaka 2018, sababu za kulala Babati zikapungua zaidi. Wanaopita wanakosa mengi. Mashariki ya mji umesimama Mlima Kwaraa, mita 2,415, umevaa msitu kuanzia kiunoni hadi kichwani. Kusini kuna ziwa lenye viboko. Magharibi, mwendo mfupi wa gari, ardhi inasimama wima ghafla. Huo ni ukuta wa Bonde la Ufa, na chini yake kuna Dareda.

Ukuta huo ndio uliotuleta. Tulikuwa kundi dogo lililotaka kushuka maporomoko ya maji kwa kamba: mwalimu kutoka Morogoro, dada mmoja wa benki kutoka Dar es Salaam, vijana wa Nairobi waliozoea kukwea miamba, na mimi na daftari langu. Mchezo wa kufuata mto ndani ya korongo lake, ukitembea, ukiogelea, na ukining'inia kwenye kamba pale maji yanapoanguka, una wenyewe Ulaya, hasa Ufaransa, ambako Édouard-Alfred Martel aliongoza msafara wa kupita korongo la Verdon mwaka 1905. Kwetu Afrika Mashariki wanaotaka kushuka kando ya maji huenda zaidi Sipi, wilayani Kapchorwa nchini Uganda, kwenye miteremko ya Mlima Elgon, ambako poromoko kubwa lina urefu wa karibu mita 100. Manyara haina sifa hiyo. Ina msitu wa Nou juu ya ukuta, mashamba ya Bashanet pembeni ya msitu, na vijito ambavyo havina njia ya kufika bondeni ila kuanguka.

Mwongozaji wetu mkuu alitoka Arusha. Ni mtu wa maneno machache aliyejifunzia kazi ya kamba kwenye uokoaji wa milimani. Alimchukua msaidizi Dareda, kijana wa Kiiraqw aliyekua akichunga mbuzi kwenye mteremko uleule tuliotaka kuushuka. Jioni ya kwanza hatukwenda popote. Mwongozaji alitandika turubai uani kwa nyumba ya wageni, akamwaga vifaa vyote juu yake, akaanza kukagua kamba. Alikaa chini, akaipitisha kamba nzima katikati ya vidole viwili, kipande kwa kipande, macho akiwa ameyafumba. Nilimuuliza anatafuta nini. Akanipa kamba nijaribu, kisha akanionyesha kipande alichokuwa amekifunga utepe mwekundu. Kwa macho kilikuwa kizima kabisa. Kwa vidole kilikuwa laini mahali pamoja, kiini chake kimevunjika ndani ya ganda zima. Kipande hicho alikuwa nacho kwa ajili ya kufundishia tu. Alituzungushia mmoja mmoja, na kila mtu akakipapasa, na uani pakawa kimya kwa muda.

Siku iliyofuata ilikuwa ya Kwaraa. Msitu wa mlima huu umehifadhiwa, unaitwa Ufiome, na kuingia ni kwa kibali. Kuna misimu tembo hupanda humo, kwa hiyo msaidizi alitangulia akisoma kinyesi na matawi yaliyovunjwa. Hatukuwa na nia ya kufika kileleni. Tulisimama kwenye mwamba mkavu, tukajifunza kuvaa mkanda wa kiunoni na mapajani, kuupitisha mzigo wa mwili kwenye kile chuma chenye umbo la nane, kuegemea nyuma hadi miguu isimame sawasawa na ukuta. Hapo ndipo wengi hukwama. Mwili unataka kuukumbatia mwamba, na ukiukumbatia miguu inateleza. Mwalimu wa Morogoro, mtu mzima mwenye mvi, alikataa mara mbili kuachia mkono. Mwongozaji hakumkaripia wala kumbembeleza. Alishuka kando yake, akasubiri, akamwambia, "Mwalimu, kaa kama unakaa kitini." Mwalimu akakaa.

Tulifundishwa pia filimbi, kwa sababu karibu na maji yanayoanguka sauti ya mtu haifiki popote. Filimbi moja, simama. Mbili, ongeza kamba. Tatu, panda. Nne, kamba iko huru. Tulizirudia hadi vijana wa Nairobi wakachoka, na baada ya kuchoka tukarudia tena.

Jioni tulikaa ziwani. Wavuvi walikuwa wakirudi na mitumbwi ya gogo, perege wakiwa chini ya majani mabichi, na viboko wakapumua karibu na matete kwa namna iliyomfanya dada wa benki asogeze kiti chake. Ziwa Babati ni la kina kifupi, na maji ya milima inayolizunguka hulifikia haraka mvua ikizidi. Mwaka 1990 lilifurika hadi likaingia mjini. Mwenyeji mmoja aliyekuja kununua samaki alisema wazee wa mtaani kwake hawalitazami ziwa ili kujua hali ya ziwa, bali hutazama vilima. Mwongozaji wetu alimuuliza maswali mengi: mvua ya safari hii imekuwaje, upande gani umeloa zaidi, mawingu ya mchana yanatokea wapi. Ilikuwa mwishoni mwa Mei. Masika yalikuwa yanakwisha, lakini hayajaisha, na vijito bado vilikuwa na maji ya kutosha kumpendeza mtu aliyetoka mbali. Ndiyo sababu ya kuchagua wakati huo. Ndiyo pia hatari yake.

Dareda asubuhi ni baridi. Ukungu ulikuwa umekalia nusu ya juu ya ukuta, na chini yake mashamba ya mahindi na mbaazi yalianza kupata rangi. Akina mama waliokuwa njiani kwenda hospitalini walimsalimu msaidizi kwa Kiiraqw, "Saita", kisha wakatusalimu sisi kwa Kiswahili na kutuuliza tunakwenda kufanya nini na kofia ngumu zile. Msaidizi alieleza. Mmoja akasikiliza hadi mwisho, akauliza kama juu tumeshauliza. Akaambiwa ndiyo, tumeuliza na tutauliza tena.

Tulipanda kwa njia ya mbuzi, pembeni ya kijito, hadi mahali korongo linapoanza kujifunga. Poromoko la kwanza lina urefu wa kama mita 15. Mwongozaji hakufunga kamba kwenye mti wa kwanza ulioonekana mnene. Alizunguka miti mitatu, akafukua udongo kwenye mizizi, akaukataa mmoja ambao mimi ningeuamini na maisha yangu, kwa kuwa mizizi yake yote ilikuwa imeshika udongo wa juu tu. Akafunga kwenye miwili, kwa mikanda tofauti, ili mmoja ukiachia mwingine ubebe. Halafu akapima urefu. Kamba haikuachwa ifike chini kabisa na kujikunja ndani ya kidimbwi. Ncha yake iligusa uso wa maji basi. Mtu akifika mwisho anateleza nje ya kamba na kuogelea, badala ya kupigana na mafundo ya kamba inayozunguka miguuni huku maji yakimpiga kichwani. Watu wanaokufa kwenye maporomoko, alisema, wengi hawaanguki. Wananaswa.

Zamu yangu ilipofika nilisimama ukingoni na kuegemea nyuma. Hatua za kwanza mwamba ulikuwa mkavu na mbaya kwa magoti. Kisha nikaingia kwenye unyevu, ambako ukuta umefunikwa na kuvu laini na majani madogo yanayotikisika bila upepo. Maji hayakunipiga, yalipita kwa upande wa kulia, karibu kiasi cha kuyagusa, na baridi yake ilinifikia kabla yake. Chini ya ubapa mmoja wa jiwe kulikuwa na kiota cha ndege kilichojengwa kwa matope, kikavu kabisa, shubiri moja tu nyuma ya pazia la maji. Nilisimama hapo kwa muda nikiwa nimefunga kamba kwa mkono wa kulia, nikikitazama. Miguu ilikuwa imetulia. Kelele zilikuwa kubwa hivi kwamba mawazo mengine yote yalikaa kimya, na nadhani hicho ndicho watu wanachokifuata kwenye mchezo huu, zaidi ya ujasiri wenyewe. Filimbi mbili zilipolia juu yangu nikaendelea kushuka, nikaachia ncha, nikaogelea.

Mwalimu wa Morogoro alishuka baada yangu, polepole, akiwa amekaa kitini kweli.

Wote walipofika chini, kamba ilivutwa. Hili ni jambo ambalo picha za mchezo huu hazilionyeshi. Kamba hupitishwa juu ili iweze kuvutwa kutoka chini na kutumika tena kwenye poromoko linalofuata, na ikishavutwa, njia uliyojia imefungwa. Pale kwenye poromoko la kwanza hilo halikuwa na uzito, kwa kuwa baada ya kidimbwi ile njia ya mbuzi hukaribia tena korongo na mtu anaweza kutoka kwa mikono na miguu. Poromoko la pili ni karibu mara mbili ya la kwanza, na baada yake kuta zinasogeleana. Hakuna njia ya mbuzi. Ukivuta kamba ya pili, kutoka ni kwa kumaliza korongo lote hadi chini.

Mwongozaji alifunga kamba ya pili, akaikagua, akaketi. Hakumruhusu mtu kujiunga nayo. Msaidizi alikuwa amebaki juu ukingoni, mahali ambapo simu inashika, na kazi yake saa hiyo ilikuwa kumpigia baba yake mdogo anayeishi Bashanet, juu ya ukuta, karibu na chimbuko la kijito. Tulisubiri. Jua lilikuwa linawaka moja kwa moja juu yetu, anga ya Babati bluu hadi mwisho. Maji yalikuwa meupe na safi. Kisha zikaja filimbi tatu.

Baadaye msaidizi alitusimulia mazungumzo yenyewe, na yalikuwa mafupi. "Shikamoo, baba mdogo." "Marahaba, mwanangu. Mko wapi?" "Kwenye la pili." "Huku kumefunga tangu saa nne. Msituni nasikia inanyesha. Tokeni."

Dada wa benki alikasirika, na hasira yake ilikuwa na haki yake. Alikuwa ameweka akiba, ameomba likizo, amesafiri siku nzima. "Kaka, angalia jua hili," alimwambia mwongozaji. "Mvua iko wapi?" Mwongozaji akajibu kwamba mvua inayoua kwenye korongo hainyeshi kwenye korongo. Akafungua kamba ya pili, akaikunja, akatutanguliza kwenye njia ya mbuzi.

Maneno yake yana ushahidi wa kutisha. Tarehe 27 Julai 1999, karibu na Interlaken nchini Uswisi, kundi kubwa la vijana lilikuwa ndani ya korongo la Saxetenbach na waongozaji wao wakati dhoruba iliponyesha juu ya mto. Wimbi la maji na magogo liliwaua watu 21, wakiwamo waongozaji watatu. Mwaka 2001 mahakama iliwatia hatiani watu sita kutoka kampuni iliyouza safari ile. Nchi yenye rada za hali ya hewa, barabara nzuri na waokoaji wa helikopta. Na kwa jirani zetu, Septemba 2019, wageni waliokuwa wakitembea ndani ya korongo la Hifadhi ya Hell's Gate, karibu na Naivasha, walikutwa na maji ya ghafla, wakafa watu saba, mmoja wao mwongozaji. Hao wa Hell's Gate hawakuwa na kamba wala hawakutafuta hatari. Walikuwa matembezini.

Ndiyo maana nasema kwamba mwongozaji aliyetutoa pale aliifanya kazi tuliyomlipa kikamilifu. Wateja wa safari za namna hii, na sasa si Wazungu peke yao, ni sisi wenyewe wa Dar, Nairobi na Arusha, tumezoea kupima thamani ya fedha yetu kwa idadi ya maporomoko tuliyoshuka na picha tulizopiga. Mwongozaji akiogopa macho yetu atashuka. Akishuka mara kumi salama, ataamini kwamba anajua. Mtu wa kumtafuta ni yule anayeweza kusimama juu ya kamba nzuri, chini ya anga safi, mbele ya wateja waliolipa, akasema hapana kwa neno la mzee aliyeko nyumbani kwake.

Jioni ile kijito kilibaki vilevile. Hakikuchafuka, hakikupanda hata kidole kimoja. Dada wa benki alikwenda kukitazama mwenyewe darajani, akarudi bila kusema kitu, akala makande yake.

Asubuhi mwongozaji alibadilisha ratiba, akatupandisha Bashanet kwa gari, kwa barabara inayoupanda ukuta kuelekea Dongobesh. Juu ni nchi nyingine. Hewa ni ya koti, kuna mashamba ya ngano, viazi na maharage, ng'ombe wanene, nyumba zenye moshi unaotoka mapema. Ukisimama mahali pa wazi na kutazama kusini, Mlima Hanang unajaza upeo wa macho, mita zaidi ya 3,400, wa nne kwa urefu Tanzania. Siku ile ulikuwa wazi, na kila mtu alijua anatazama nini. Tarehe 3 Desemba 2023, baada ya mvua kubwa, sehemu ya mlima ule iliyokuwa imelowa na kuoza ilimeguka, ikawa tope, ikafuata mkondo wa Mto Jorodom ikizoa mawe na magogo, ikaangukia Katesh na vijiji vya jirani. Walikufa watu zaidi ya 80. Wale hawakuwa makorongoni kwa kupenda. Walikuwa nyumbani, dukani, sokoni, kwenye mji uliojengwa pale maji ya mlima yanapotokea. Msaidizi wetu ana jamaa Katesh. Aliutazama mlima kwa muda, kisha akasema tuondoke, mzee anasubiri.

Mzee alitupokea uani kwa chai ya maziwa. Msaidizi alimwamkia, akampa sukari na majani ya chai, akatutambulisha. Dada wa benki naye aliamkia kwa heshima, akauliza moja kwa moja: mvua ya jana ilikwenda wapi? Mzee akasimama, akatupeleka nyuma ya zizi. Kutoka hapo unaona mgongo wa ardhi unaoligawa eneo, msitu ukianzia ng'ambo. Wingu la jana, alisema, lilisimama juu ya mgongo. Lingemwaga huku, maji yangekuja kwenu. Lilimwaga kule, yakaenda upande wa pili. Kutoka kwake hakuweza kujua litamwaga wapi, alisikia tu mvumo wa mvua kwenye miti. "Nisingesubiri nione," alisema. "Nikiiona hapa, ninyi huko mna muda wa kuvua viatu."

Mwongozaji alitoa bahasha. Niliipenda bahasha hiyo kuliko kitu kingine chochote cha safari, kwa sababu haikuwa zawadi. Alikuwa ameiandika kwenye gharama za kila safari, pamoja na mafuta ya gari na kibali, malipo ya mtu wa juu. Mzee aliihesabu, akaridhika, halafu akasema kwamba peke yake hatoshi. Mgongo ule unamficha upande mmoja wa msitu. Kuna mama mjane ambaye shamba lake la viazi linapakana na miti kabisa, na wingu huanza kwake. Kama mnataka kurudi mwezi wa sita na kushuka hadi mwisho, ongezeni namba yake.

Tulimkuta shambani, jembe mkononi. Alisikiliza maelezo yote, akauliza nani atalipa salio la simu, akaambiwa. Akauliza wanashuka siku gani na siku gani, kwa kuwa Jumapili yuko kanisani na siku ya mnada hayupo. Mwongozaji akaandika. Kisha mama akaweka sharti lake: apigiwe saa kumi na mbili asubuhi kabla hajatoka, halafu kila saa hadi watu wote watoke majini, na siku asipopokea, hakuna mtu kuingia korongoni. Dada wa benki akaomba hiyo namba naye aiandike.